Jensen: Jina la Baba Lililogandishwa na Sheria

Mwaka 1963, Tuzo ya Nobel ya Fizikia ilikwenda kwa wanasayansi watatu. Mmoja wao alikuwa Mjerumani mzaliwa wa Hamburg, aliyesaidia kueleza jinsi protoni na nyutroni zinavyojipanga kwa matabaka ndani ya kiini cha atomu. Jina lake kamili lilikuwa Johannes Hans Daniel Jensen. Johannes ni Yohana. Hans ni Yohana. Jensen ni mwana wa Yohana. Kwa hiyo bwana huyu, aliyezaliwa tarehe 25 Juni 1907, siku moja tu baada ya sikukuu ya kuzaliwa kwa Yohana Mbatizaji, alibeba jina moja mara tatu katika sura tatu tofauti.

Hakuwa peke yake. Mwandishi wa Denmark aliyepata Nobel ya Fasihi mwaka 1944 aliitwa Johannes Vilhelm Jensen. Mwanahisabati Johan Jensen, aliyeishi kati ya 1859 na 1925, alifanya kazi ya ufundi katika kampuni ya simu ya Copenhagen, na muda wake wa ziada akautumia kwenye hisabati. Mwaka 1906 alichapisha kanuni ambayo leo kila mwanafunzi wa takwimu wa chuo kikuu anakutana nayo. Chukua namba 2 na 4. Wastani wake ni 3, na kipeo cha pili cha 3 ni 9. Sasa anza na vipeo vyenyewe: 4 na 16, ambavyo wastani wake ni 10. Wastani wa vipeo hauwezi kamwe kuwa mdogo kuliko kipeo cha wastani, na Jensen alithibitisha kwamba jambo hilo linashika kwa kundi zima la milinganyo ambayo mchoro wake umebinuka kama bakuli. Naye pia, kwa jina, ni Yohana mwana wa Yohana.

Siku hizi Jensen limeanza safari nyingine. Limekuwa jina la kwanza la mvulana. Mwigizaji wa Marekani Jensen Ackles, aliyezaliwa Texas mwaka 1978, alionekana katika tamthilia ya Supernatural tangu mwaka 2005 hadi 2020, na jina lake likaingia katika nyumba nyingi. Huko Uingereza, dereva wa mbio za magari Jenson Button alipewa jina hilo kwa heshima ya rafiki wa baba yake, Mdenmark wa ukoo wa Jensen, ila herufi moja ikabadilishwa ili mtoto asichanganywe na magari ya kampuni ya Jensen. Button alitwaa ubingwa wa dunia wa Formula One mwaka 2009, na katika miaka iliyofuata Jenson likawa miongoni mwa majina 100 yanayopendwa zaidi kwa watoto wa kiume wa Uingereza na Wales. Mzazi anayelichagua hulipenda kwa mlio wake. Lakini ndani ya silabi hizo mbili kuna historia ndefu ya dini, ya ulimi, na zaidi ya yote ya dola iliyotaka kuwahesabu watu wake.

Tuanze na ulimi. Mzizi wa jina ni Yohanan la Kiebrania, lenye maana kwamba Mungu ni mwenye neema. Kigiriki kililichukua likawa Ioannes, Kilatini likawa Iohannes, na kwa njia ya Kanisa likafika kaskazini mwa Ulaya. Mfalme Harald wa Denmark aliupokea Ukristo kwenye miaka ya 960, na jiwe kubwa alilolisimamisha pale Jelling kuwakumbuka baba yake Gorm na mama yake Thyra lipo hadi leo. Kabla ya hapo Wadenmark walijiita kwa majina ya kwao, kama Svend, Ulf na Torsten. Baada ya hapo majina ya mitume na watakatifu yakaanza kuingia taratibu, na Johannes likawa mojawapo ya yaliyopendwa sana.

Jina refu linalotamkwa kila siku halikai refu. Waswahili tunalijua hili: Khadija huwa Dija kwa kukatwa kichwa, na Mohamedi huwa Mudi kwa kufyekwa katikati. Johannes alifanyiwa yote mawili. Aliyekatwa kichwa akabaki Hans. Aliyebanwa katikati akabaki Jens, ambalo hutamkwa "Yens". Upande wa Uswidi akawa Jöns, kwingine Jon, Jan na Johan. Kila tawi likasimama kama jina kamili, hata ndugu wawili wa nyumba moja wakaweza kuitwa Hans na Jens bila mtu kuona kwamba wanashiriki jina. Wadenmark huwasha mioto usiku wa tarehe 23 Juni kwa ajili ya sikukuu ya Yohana Mbatizaji, ambayo huiita ya Mtakatifu Hans.

Sasa kiambishi. Neno la Kidenmark la mwana wa kiume ni søn, nalo likitamkwa haraka mwishoni mwa jina hufifia kuwa sen. Waswidi walibaki na son, ndiyo maana Jensen ni wa Denmark na Norwei, na Jönsson ni wa Uswidi. Kwa karne nyingi sen halikuwa jina la ukoo hata kidogo. Lilikuwa maelezo ya kweli kumhusu mtu mmoja aliye hai. Jens akizaa Peder, huyo ni Peder Jensen. Peder akizaa Hans, huyo ni Hans Pedersen. Binti wa Jens akiitwa Karen, ni Karen Jensdatter, binti Jens, na akiolewa anabaki binti Jens kwa sababu ndoa haimbadilishii baba.

Msomaji wa pwani hahitaji kufafanuliwa zaidi. Juma bin Ali bin Salim ni mfumo uleule. Kwa Wakalenjin, arap hutaja mwana wa kiume, kama katika jina la Daniel arap Moi. Kinachoshangaza ni jinsi ufanano unavyozidi kuingia ndani. Katika vijiji vya Denmark ilikuwa desturi mtoto wa kwanza wa kiume apewe jina la babu mzaa baba, na wa pili jina la babu mzaa mama. Wakikuyu wana utaratibu huohuo kwa wavulana wawili wa kwanza. Watu hawa hawakukutana wala kufundishana. Kila upande ulipata njia ileile ya kumrudisha babu nyumbani, na matokeo yake huko Denmark yalikuwa mnyororo wa zamu: Jens Pedersen anamzaa Peder Jensen, naye anamzaa Jens Pedersen mwingine.

Waliovunja mnyororo huo ni watawala. Mwaka 1526 Mfalme Frederik wa Kwanza aliwaamuru makabaila wachague majina ya ukoo yasiyobadilika. Wengi waliyatoa kwenye nembo za ngao zao, na hivyo zikasimama koo kama Gyldenstierne, yaani nyota ya dhahabu, na Rosenkrantz, yaani shada la waridi. Shakespeare aliyatumia majina ya koo hizo mbili katika Hamlet, tamthilia inayotukia Denmark. Wakulima waliachwa waendelee na desturi yao kwa karibu miaka 300 zaidi.

Zamu yao ilifika mwaka 1828, wakati wa Mfalme Frederik wa Sita. Amri iliagiza kwamba mtoto anapobatizwa apewe si jina lake tu, bali pia jina la ukoo atakalolibeba maisha yake yote. Eneo la Slesvig lilikuwa limeamriwa vivyo hivyo tangu 1771. Sababu haikuwa mapenzi ya koo. Dola inayokusanya kodi, inayoandikisha askari na kutunza rejista za mirathi inapata taabu pale baba, mwana na mjukuu wanapokuwa na majina matatu tofauti ya mwisho. Watu wa vijijini hawakuielewa amri mara moja. Wachungaji nao waliitafsiri kila mmoja kwa namna yake, na vurugu ziliendelea kwa miongo kadhaa.

Mwishowe jina likaganda. Familia ambayo wakati huo baba aliitwa Jensen ikawa Jensen daima, hata kama Jens mwenyewe alikuwa amezikwa zamani. Wanawake ndio waliopoteza zaidi. Karen Jensdatter alipotea katika vitabu, na wajukuu wa kike wa kaka yake wakaandikwa Jensen, yaani wanawake wanaotajwa rasmi kuwa mwana wa kiume wa Jens. Na kwa kuwa wanakijiji walitumia majina machache tu ya kwanza, kama Jens, Niels, Hans, Peder, Lars na Anders, taifa zima likajikuta na majina machache ya ukoo. Sheria iliyokusudiwa kuwatofautisha watu iliwafanya wafanane. Mwaka 1904 Denmark ililazimika kutunga sheria nyingine, ya kuwarahisishia watu kuacha majina ya sen na kuchukua yaliyo nadra. Bado, hadi leo Jensen na Nielsen ndiyo majina yanayoongoza, kila moja likiwa na watu zaidi ya 200,000 katika nchi yenye watu wapatao milioni 6.

Biolojia inatoa ushahidi wake hapa. Kromosomu Y hupita kutoka kwa baba kwenda kwa mwana wa kiume karibu bila kubadilika, kwa hiyo mahali ambapo jina la ukoo nalo hupita kwa njia hiyo, viwili hivyo vinapaswa kusafiri pamoja. Mwaka 2009 Turi King na Mark Jobling wa Chuo Kikuu cha Leicester walionyesha kwamba ndivyo ilivyo kwa majina adimu ya Uingereza. Wanaume wa ukoo wa Attenborough, kwa mfano, wengi wana aina moja ya kromosomu Y, dalili kwamba wametokana na mzee mmoja. Lakini wanaume walioitwa Smith hawakufanana kuliko watu waliookotwa ovyo mitaani, kwa kuwa Smith ni mhunzi, na kila kijiji kilikuwa na mhunzi wake. Jensen liko upande wa Smith. Kina Jens walikuwa maelfu mwaka 1828, na kila mmoja alianzisha ukoo wake. Wajensen wawili wakikutana Copenhagen hawana sababu yoyote ya kuitana ndugu.

Iceland ilikataa njia hiyo. Hadi leo Mwaisilandi huitwa kwa jina la baba au la mama yake, na kitabu cha simu kilipangwa kwa jina la kwanza. Rais wa nchi hiyo kati ya 2016 na 2024 aliitwa Guðni Jóhannesson, jina lenye maana ileile ya Jensen, ila yeye baba yake kweli alikuwa Jóhannes. Tungetarajia nchi isiyo na majina ya ukoo ipotee katika nasaba. Imekuwa kinyume. Waaisilandi wana kumbukumbu za ukoo zinazorudi nyuma karne nyingi, kwa sababu waliandika nani alimzaa nani. Ndipo kampuni ya deCODE, iliyoanzishwa mwaka 1996 na daktari Kári Stefánsson, ikaweza kuoanisha nasaba hizo na vinasaba ili kutafuta vyanzo vya magonjwa. Kári ni mwana wa Stefán, na Stefán alikuwa Jónsson, mwana wa Jón, ambaye naye kwa jina ni Yohana.

Kwa maoni yangu hilo ndilo jambo kubwa kuliko yote katika habari ya jina hili. Jina la ukoo halihifadhi ukoo. Linahifadhi siku ambayo karani aliandika. Kinachohifadhi ukoo ni mlolongo wa majina, na mlolongo huo ndio uliokatwa Denmark mwaka 1828, Uswidi kwa sheria ya 1901 na Norwei kwa sheria ya 1923. Jensen linapokuwa jina la kwanza la mtoto wa Texas ambaye baba yake si Jens, halina hasara mpya. Hasara ilishatokea. Tena nadhani kuna haki fulani hapo, kwamba jina lililoanza kama la kumwita mtu mmoja limerudi kuwa la kumwita mtu mmoja.

Wadenmark wenyewe wamefungua mlango tena. Tangu mwaka 2006 sheria yao inamruhusu mtu kuchukua jina linalotokana na jina la kwanza la mzazi wake, likiongezewa søn au datter. Karen Jensdatter anaweza kuandikishwa upya.

Sisi fomu zimetufikia baadaye. Pasipoti, benki na tovuti za vyuo zinadai "jina la ukoo", na mtu mwenye majina matatu, lake, la baba na la babu, huandika la babu hapo na kuendelea na safari yake. Mwanawe atafanya hivyohivyo, au atalirithi lile la kwenye pasipoti ya baba, na mnyororo utakatika bila amri ya mfalme yeyote. Fomu tutaendelea kuzijaza. Lakini wewe unayesoma, kama bado una mzee anayeweza kuhesabu fulani bin fulani bin fulani, au binti fulani, mpaka vizazi saba, kaa naye mwaka huu uandike majina yote, ya upande wa baba na ya upande wa mama, pamoja na mahali kila mmoja alipozaliwa. Andika na ya wanawake pia.