Kalenda ya Wahobiti na Tatizo la Kuifasiri

Makala haya yanakusudia kueleza kalenda moja ya kubuni, nayo ni ile ya Wahobiti katika The Lord of the Rings, riwaya ya J.R.R. Tolkien iliyotolewa kwa juzuu tatu kati ya 1954 na 1955. Maelezo yake hayamo katika hadithi yenyewe, bali katika kiambatisho cha juzuu ya tatu, mahali ambapo wasomaji wengi hawafiki. Tolkien alikuwa mtaalamu wa lugha aliyesomesha Kiingereza cha kale katika Chuo Kikuu cha Oxford, na yaonekana kwamba kwake jina la siku lilikuwa na uzito sawa na hesabu yake.

Mwaka wa Wahobiti una miezi 12, kila mmoja siku 30 kamili. Siku 5 zinazosalia haziingii katika mwezi wowote. Mbili huitwa Yule, nazo ni ya mwisho na ya kwanza ya mwaka. Tatu hukaa katikati, yaani Lithe mbili na Siku ya Kati ya Mwaka baina yake. Kila mwaka wa nne, isipokuwa ule wa mwisho wa karne, huongezwa siku moja papo hapo katikati. Mpango huu wa 360 na 5 si mgeni kwa wajuao mwaka wa jua wa Waswahili, wenye miongo 36 ya siku kumi kumi na siku 5 za ziada.

Lililo geni ni mageuzi waliyoyaleta Wahobiti baadaye. Siku ya Kati na ile ya nyongeza zilitolewa katika hesabu ya juma, zikawa hazina jina la juma kabisa. Zikabaki siku 364, ambazo ni majuma 52 barabara. Kwa hiyo kila tarehe huangukia siku ile ile daima: tarehe 22 ya mwezi wa tisa, siku ya kuzaliwa kwa Bilbo, ni Alhamisi mwaka nenda mwaka rudi. Yafaa kukumbukwa kwamba Wahobiti hawaonyeshwi wakiwa na siku ya ibada. Mapendekezo ya namna hiyo yaliyofikishwa mbele ya Umoja wa Mataifa katika miaka ya 1950 yalipingwa na watu wa dini, kwani mwenye kuhesabu siku saba ili asali hawezi kukubali siku isiyohesabiwa.

Juma la Wahobiti huanza kwa Sterday, yaani Jumamosi, na kuishia kwa Highday, yaani Ijumaa, ambayo ndiyo siku kuu: kazi husimama adhuhuri na jioni huwa karamu. Tolkien alipoyageuza majina hayo kuwa ya Kiingereza, ilimlazimu kuwatahadharisha wasomaji kwamba Alhamisi ya Wahobiti ina ladha ya Jumamosi ya Waingereza. Msomaji wa pwani hana haja ya tahadhari hiyo. Jumamosi ni mosi kwa jina lake, na Alhamisi ni mkesha wa Ijumaa. Mfasiri wa Kiswahili, basi, angekuwa karibu na asili kuliko Kiingereza cha mwandishi mwenyewe, ingawa neno Ijumaa lingeingiza msikiti katika nchi isiyo na msikiti. Hasara hiyo ni ndogo kuliko ya kubuni majina mapya.

Miezi ni kazi ngumu zaidi. Majina yake yametokana na ya Waingereza wa kale, yaliyoandikwa na Bede mnamo 725. Mathalani Thrimidge, mwezi ambao ng'ombe walikamwa mara tatu kwa siku. Kuandika Mei hapo ni kuyamwaga maziwa yote. Foreyule na Afteryule, yaani kabla na baada ya Yule, zina mfano wake katika Mfungo Mosi na wenzake, miezi ihesabiwayo kutoka Ramadhani.

Liko pia fumbo la mzaha. Kwa kuwa katika kalenda hii hakuna mwezi uanzao siku ya Ijumaa, Mhobiti akiahidi jambo kwa "Ijumaa, tarehe mosi", maana yake halitakuwa. Hilo mfasiri alitafsiri neno kwa neno.