Kutazama mbio hakuteremshi sukari

Oktoba 12, 2019, Eliud Kipchoge alikimbia zaidi ya kilomita 42 mjini Vienna kwa saa 1, dakika 59 na sekunde 40. Huku Bondeni tulimtazama kwenye runinga na kwenye simu. Mbio zilianza saa tatu na robo asubuhi kwa saa zetu, wakati wa mahamri na mbaazi. Sikulaumu, mbaazi za nazi haziachiki.

Lakini ukikaa saa mbili mfululizo, misuli mikubwa ya mapaja haifanyi kazi, na sukari itokayo kwenye chakula hukawia katika damu. Kwa mwenye kisukari, hilo si jambo dogo. Kila nusu saa inuka, utembee humo ukumbini dakika tatu. Shirika la Afya Duniani lashauri mtu mzima apate angalau dakika 150 za mazoezi ya wastani kwa wiki. Kutembea kwa haraka hadi Ngomeni na kurudi kunahesabiwa.

Wala usiondoke kitini ukakimbie kama Kipchoge. Ikiwa una presha au kisukari, muone daktari kwanza. Na kifua kikikubana unapotembea, simama, upelekwe hospitali mara moja, hata kama maumivu yametulia.