Mama alisema ni gesi tu

Saa nane usiku, hapa London, nilimkuta Mama ameketi jikoni, jasho linamtoka. "Si kitu, mwanangu, gesi tu. Nichemshie tangawizi." Nikachemsha. Nilipomuuliza vizuri ndipo akasema: mgongo unauma, taya pia, kichefuchefu, pumzi haitoshi. Na kifua? "Hakiumi. Kinabana tu."

Nikapiga 999. Wakauliza, ana maumivu ya kifua? Nikatafsiri alivyosema Mama: hapana. Bahati nzuri nikaongeza lile neno "kinabana". Gari la wagonjwa likaja. Hospitali wakampima mapigo ya moyo kwa mashine, halafu damu, kutafuta troponini, protini inayoingia kwenye damu msuli wa moyo ukiumia. Kumbe mshtuko wa moyo.

Sisi tuliokulia huku ndio wakalimani wa nyumbani tangu utotoni. Shida ni kwamba tunatafsiri hata ile "si kitu" yao. Mwanamke akipata mshtuko wa moyo, kifua hubana kama cha mwanamume, ila mara nyingi kuna na kichefuchefu, uchovu, maumivu ya mgongo au taya. Ni rahisi kudhani gesi. Na hapa Uingereza, ugonjwa wa mishipa ya moyo unaua wanawake zaidi ya mara mbili ya wanaokufa kwa saratani ya matiti.

Basi ukimtafsiria mama yako, usiseme anachodhani. Sema anachohisi: kinabana, kinalemea, kinachoma. Na usingoje tangawizi ichemke.