Judy Kibinge: Kamera Mkononi, Bajeti Kwapani

Ukiona jina moja limeandikwa kwenye skrini kuwa ndiye mwongozaji na ndiye mtayarishaji, usidhani ni majivuno. Mara nyingi hapakuwa na pesa za kumlipa mtu wa pili. Mwongozaji huwaelekeza waigizaji na wapiga picha. Mtayarishaji husaka fedha, hukodi vifaa, hufuatilia vibali, huhakikisha watu wamekula mchana, kisha filamu ikikamilika huzunguka nayo kuiuza. Asiye na studio kubwa nyuma yake hujikuta akibeba yote.

Judy Kibinge wa Nairobi anaijua kazi hiyo vilivyo. Alianzia kwenye matangazo ya biashara, akapanda hadi kuwa mkurugenzi wa ubunifu katika kampuni ya McCann-Erickson nchini Kenya. Mwishoni mwa miaka ya 1990 akauacha mshahara huo akaingia kwenye filamu, katika nchi ambayo wageni walikuwa wamezoea kuja kupiga picha za simba na machweo kisha kuondoka.

Filamu yake ya kwanza ndefu, Dangerous Affair, ilitoka mwaka 2002, mtayarishaji akiwa Mkenya mwenzake, Njeri Karago. Ilipigwa kwa kamera ya video, njia iliyopunguza gharama sana. Hadithi yenyewe ni ya mapenzi na usaliti miongoni mwa vijana wa Nairobi wenye kazi za ofisini. Simba hayumo. Mwaka 2004 ikafuata Project Daddy.

Baadaye mambo yakawa mazito. Something Necessary, iliyotoka miaka michache baada ya ghasia za uchaguzi wa 2007, inamfuata Anne, muuguzi aliyempoteza mume na anayejaribu kuijenga upya nyumba yake, pamoja na kijana aliyeshiriki ghasia hizo na sasa dhamiri inamsuta. Fedha za filamu hiyo zilipitia One Fine Day Films, mradi wa mwongozaji Mjerumani Tom Tykwer na Marie Steinmann, uliofadhili pia filamu ya Nairobi Half Life. Kisha mwaka 2015 Kibinge akatoa Scarred, filamu ya hali halisi kuhusu mauaji ya Wagalla, Wajir, ya Februari 1984. Serikali ilikiri vifo 57. Manusura wanazungumzia watu wengi mno kuliko hao. Ni tangazo gani la sabuni lingewekwa katikati ya filamu kama hiyo?

Hapo ndipo penye ugumu wa kupata fedha. Filamu ya hali halisi huchukua miaka, nayo huishi kwa ruzuku. Mwombaji hutuma muhtasari, bajeti, ratiba na kipande kifupi cha kuonjesha, kisha husubiri. Akipata, pesa huja kwa mafungu. Fungu likikatika, kamera hulala. Na wenye mifuko ya ruzuku hizo wengi wako Ulaya na Marekani, kwa hiyo Mkenya hulazimika kueleza kijiji chake kwa mtu asiyewahi kukiona.

Kibinge aliamua kuanzisha mfuko hapahapa. Docubox, yenye makao Nairobi, huwapa ruzuku na mafunzo watengenezaji wa filamu za hali halisi wa Afrika Mashariki. Miongoni mwa ilizozisaidia ni Softie ya Sam Soko, kuhusu mwanaharakati Boniface Mwangi, iliyopata tuzo ya uhariri katika tamasha la Sundance mwaka 2020. Nyingine ni The Letter ya Maia Lekow na Christopher King, inayosimulia kisa cha bibi kizee wa pwani ya Kenya aliyetuhumiwa uchawi na jamaa zake huku shamba likiwaniwa. Kenya iliiwasilisha kugombea Oscar.

Kwa maoni ya mwandishi huyu, Docubox ndiyo kazi kubwa kuliko zote za Kibinge, ingawa jina lake halitokei kama mwongozaji kwenye hata moja ya filamu hizo mbili. Pungufu lililobaki ni la vituo vyetu vya televisheni: bado kinatafutwa kwa tochi kituo kitakachonunua filamu kama The Letter kwa bei inayorudisha gharama.