Nani Mwenye Ufunguo wa Msikiti?

Ugomvi wa msikiti ukishindikana barazani, mtu hakosi kusema: "Basi twendeni kwa Kadhi." Kwa Kenya, hapo ndipo watu wanapopotea njia. Ibara ya 170 ya Katiba ya 2010 imempa Kadhi mambo manne: hadhi ya mtu, ndoa, talaka na mirathi, tena pande zote ziwe za Waislamu na zimekubali kusikilizwa naye. Nani awe mwenyekiti wa kamati na nani atie saini hundi, hayo hayamo. Kadhi anaweza kuwakalisha wagomvi kitako na kuwasuluhisha kama mzee wa mji. Kuwahukumu ni jambo jingine.

Mbele ya sheria, jengo na kiwanja huenda ni wakfu ulio mikononi mwa wadhamini. Kamati, mara nyingi, ni chama kilichosajiliwa chini ya Sheria ya Vyama, Sura ya 108 ya Sheria za Kenya. Maamuma wengi hushtuka kusikia hivyo: kamati yao haina cheo kikubwa kisheria kuliko chama cha kuzikana.

Kifungu cha 18 cha sheria hiyo kina makali. Msajili wa Vyama akiona mzozo umemfanya asijue viongozi halali ni kina nani, anaweza kukiamuru chama kimpelekee, ndani ya mwezi mmoja, ushahidi kwamba mzozo umekwisha au kwamba kesi imefunguliwa. Kikikaidi, anaweza kukifutia usajili. Hata waliokuwa wakiona haya kushtakiana huweza kujikuta kortini.

Huko, jaji hataki kujua ni nani msomaji bora wa Qurani. Atauliza katiba ya chama inasema nini, mkutano uliitishwa na nani, notisi ilitoka siku ngapi kabla, akidi ilitimia au haikutimia. Kisha ataomba daftari la wanachama, na hapo ndipo mawakili huanza kukohoa. Swala ni ya kila Mwislamu apitaye njia. Kura ni ya aliyeandikwa. Mzee aliyeswali safu ya mbele miaka 30 anaweza kukosa jina daftarini, na kijana aliyelipa ada mwezi uliopita akawa nalo. Na wanawake wanaoswali ghorofani? Ukitaka kujua kamati ni ya namna gani, uliza swali hilo kabla ya mengine.

Kesi huchukua muda, ilhali Ijumaa haingoji. Kwa hiyo kinachogombewa kwanza ni zuio la muda. Kipimo chake kinatoka kwenye kesi ya Giella dhidi ya Cassman Brown ya mwaka 1973, isiyohusu msikiti hata kidogo. Mwombaji aonyeshe kwamba dai lake lina uzito wa kuweza kushinda, na kwamba bila zuio atapata hasara isiyolipika kwa pesa. Jaji akibaki na shaka, apime ni upande upi utakaoumia zaidi. Kodi ya maduka ya msikiti inahesabika na kurudishwa. Ijumaa iliyopita mlango ukiwa na kufuli hairudishwi.

Njia rahisi ni kuamuru hali ibaki ilivyo: swala ziendelee, akaunti isiguswe ila kwa bili ya maji na umeme, mwenye ufunguo abaki nao. Sina raha na agizo hili likitolewa bila kuuliza ufunguo ulifikaje mikononi mwake. Humzawadia aliyewahi kubadilisha kufuli usiku, na kila kesi inapoahirishwa, zawadi hiyo hunenepa. Afadhali jaji aukabidhi kwa mtu ambaye pande zote mbili zinamwamini, muadhini kwa mfano, mpaka uchaguzi ufanyike.

Uchaguzi wenyewe waweza kuamriwa na mahakama, tena chini ya msimamizi. Kazi yake ya kwanza, kabla hata ya kutangaza tarehe, ni kulitafuta lile daftari.