Jina Linalopita Kabla ya DJ Afro Kuanza

Kibwezi, kwenye vibanda vya video vya karibu na barabara kuu ya Mombasa, filamu haijaanza mpaka msimulizi wa filamu DJ Afro azungumze. Akishaingia na Kiswahili chake kilichochanganyika na Sheng, maneno ya wahusika wenyewe yanazama. Ni burudani tosha, sibishi. Ila anayezimwa pale si mwigizaji, maana uso wake bado tunauona. Anayezimwa ni mwandishi wa skripti.

Mchukue Mwingereza Jeffrey Caine. Kabla ya kujulikana kwa filamu, alibuni The Chief, tamthilia ya polisi iliyoonyeshwa na ITV kuanzia 1990 hadi 1995. Mwaka huo wa 1995 ikatoka GoldenEye, ya James Bond: kisa cha Michael France, skripti ya Caine na Bruce Feirstein. Watu watatu, Bond mmoja. Kazi hii ndivyo ilivyo. Unaandika juu ya mwandiko wa mwenzako, naye mwingine anakuja kuandika juu ya wako.

Kisha ikaja skripti yake ya The Constant Gardener, filamu ya 2005 iliyopigwa Kibera na Loiyangalani. Hapo ndipo ufundi unapoonekana. Riwaya ya John le Carré iliyozaa filamu hiyo inaanzia ofisini, habari za kifo zikiufikia ubalozi wa Uingereza jijini Nairobi. Filamu inaanzia uwanja wa ndege: mume anaagana na mkewe. Punde tunaliona gari lililopinduka kando ya Ziwa Turkana, halafu tunarudishwa nyuma hadi London, walikokutana. Kwa hiyo kila kicheko cha yule mwanamke tunakitazama tukijua kaburi linamngoja. Riwaya huweza kukaa kichwani mwa afisa kurasa nzima. Kamera haina mlango wa kuingilia humo, hivyo wazo sharti ligeuzwe kitu cha kuonekana. Si sifa ya Caine peke yake, kwani mwelekezi Fernando Meirelles na mhariri wake nao walikuwa na mikono yao humo.

Machi 2006 Rachel Weisz, aliyeigiza mke yule, aliondoka na Oscar kwa filamu hiyo. Caine, aliyeteuliwa kwa skripti, aliwaachia tuzo waandishi wa Brokeback Mountain.

Nawe kijana wa Kibwezi mwenye daftari la visa chini ya godoro, leo jioni wahi kibandani. Jina la mwandishi hupita mara moja tu.