Mwaka 4004 K.K.: Hesabu ya Askofu Ussher na Maana ya Neno "Kuzaa"

Tangu mwaka 1701, Biblia nyingi za Kiingereza zilichapishwa zikiwa na tarakimu 4004 pembeni mwa mlango wa kwanza wa Mwanzo, yaani idadi ya miaka kati ya uumbaji na Kristo. Tarakimu hiyo haimo katika Maandiko yenyewe. Ni hesabu ya mwanateolojia James Ussher (1581-1656), mzaliwa wa Dublin na Askofu Mkuu wa Armagh huko Ayalandi, aliyeitoa mwaka 1650 katika kitabu chake cha Kilatini, Annales Veteris Testamenti.

Wengi leo humcheka Ussher, lakini kazi yake ilikuwa ya kitaalamu. Biblia hutaja umri wa mababu na muda wa wafalme bila kuufungamanisha na kalenda yetu. Ussher alihitaji tukio moja linalojulikana pia katika historia ya mataifa mengine. Alilipata katika 2 Wafalme 25: Evil-merodaki, alipoanza kutawala Babeli, alimfungua mfalme Yehoyakini katika mwaka wa 37 wa uhamisho wake. Kifo cha Nebukadneza, aliyemtangulia Evil-merodaki, kiliwekwa katika mwaka 562 K.K.; kutoka hapo Ussher alihesabu akirudi nyuma hadi Adamu.

Hata hivyo, hesabu hiyo ilitegemea mambo mawili ambayo hayana budi kuchunguzwa. La kwanza ni uteuzi wa matini. Katika matini ya Kiebrania, Adamu alimzaa Sethi akiwa na miaka 130. Katika tafsiri ya kale ya Kiyunani, miaka 230. Tofauti za namna hiyo hujirudia kwa mababu kadhaa, ndiyo maana Wakristo wa Bizanti waliuweka uumbaji katika mwaka 5509 K.K.

La pili ni maana ya maneno. Injili ya Mathayo yasema Yoramu alimzaa Uzia, ilhali kati yao walitawala Ahazia, Yoashi na Amazia. "Kuzaa" hapo ni kuwa babu wa ukoo. Msemaji wa Kiswahili hashangai: neno "binadamu" kwa asili yake ya Kiarabu ni "mwana wa Adamu", wala hakuna adhaniye kwamba Adamu ndiye aliyemzaa jirani yake.

Kwa hoja ya namna hiyo, William Henry Green, mwalimu wa teolojia huko Princeton, Marekani, alionyesha mwaka 1890 kwamba nasaba za Mwanzo 5 na 11 hazikuandikwa ili zijumlishwe. Biblia hutoa jumla ya miaka ya Misri, 430, na ya tangu Kutoka hadi hekalu la Sulemani, 480. Kwa nasaba hizo haitoi jumla yoyote. Wapinzani wake hujibu kwamba umri wa kila baba umetajwa, hivyo hakuna nafasi ya kuruka kizazi. Mjadala huo ungali hai.

Jiolojia ya leo huipa dunia umri wa takriban miaka bilioni 4.5. Mwanafunzi anayeambiwa achague kati ya kipimo hicho na Biblia yampasa kwanza kuuliza: je, ni Biblia anayotakiwa kuitetea, au ni hesabu ya Ussher iliyochapishwa pembeni mwake?